Jina la Mwanaume kwenye Jalada

Katika maktaba ya shule ninayofundisha, hapa Vwawa, kuna kitabu kikuukuu kinachoeleza maisha ya mwanamke wa Hispania, mmoja wa wanawake wa kwanza kwao kuandika riwaya. Alijificha nyuma ya jina la mwanaume ili asomwe. Nilimpenda mno. Sina mume wala mtoto, na jioni zangu ni ndefu; yeye ndiye aliyekuwa mgeni wangu. Basi nami nilipomaliza riwaya yangu, nikaiwekea jina la mwanaume ambaye hajazaliwa, nikachapisha nakala chache Tunduma. Nilijiona mjanja kweli.

Kila Jumamosi mimi huenda Itaka kumsaidia mama kuchambua kahawa. Tunasimama kwenye kichanja inapokaukia, tunatoa punje mbovu, na hapo ndipo mama husimulia mambo ambayo akiwa amekaa hayasemi kamwe. Jumamosi moja nikamsomea kitabu changu, kuanzia jina la mwanaume lililo kwenye jalada, maana yeye hajui kusoma. Nilitaka akisifu kwanza, ndipo nimwambie kwamba ni changu.

Mwanzoni alicheka. Nilipofika pale mke anapofunga nguo zake, anaenda hadi Chapwa, kisha anarudi kupika kabla mumewe hajajua kwamba aliondoka, mikono ya mama ikasimama.

"Huyo mwanaume aliyeandika kayajuaje haya? Nilikusimulia wewe tu."

Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata nilikuwa mimi. Niliogopa kukiri, nikaendelea kuchambua. Akaamini kwamba nimempelekea mwanaume siri yake. Jumamosi tatu tukachambua tukiulizana habari za baridi tu. Upweke wa chumba changu nimeuzoea. Huu wa kusimama kando ya mama yangu mzazi ulinishinda.

Jumamosi ya nne nikasema, "Mama, hakuna mwanaume. Niliandika mimi."

Nilidhani atafurahi. Aliokota punje, akaitazama, akaitupa.

"Afadhali angekuwa mwanaume," akasema. "Yule hanijui, ningemsamehe."

Kitabu cha yule mwanamke wa Hispania nimekisoma tena, mwanzo hadi mwisho. Hakisemi mama yake alimwambia nini.

Jumamosi bado naenda. Mama hunikaribisha vizuri, hunipikia, hata huulizia wanafunzi wangu. Kisha huchota kahawa kwenye nyungo mbili, akaleta na vigoda viwili.

"Kaa, mwanangu, utachoka," huniambia.

Siku hizi tunachambua tumekaa.