Keki ya Mwisho katika Handaki la Bwana Verlyn

Bwana Verlyn Tollefsrud aliendesha lori la maziwa miaka thelathini na minne hapa Wisconsin, na hakuna aliyejua kwamba kichwani mwake mmejaa mizuka. Mimi nilijua. Kila Jumamosi mchana tulikutana katika chumba kidogo cha maktaba kucheza mchezo wa handaki: yeye anasimulia tumeingia wapi, sisi tunasema tunafanya nini, dadu inaamua tutapona au tutaliwa.

Mahandaki ya watu wengine yana minyororo na joka lililolalia dhahabu. Lake lilikuwa na ofisi ya leseni za udereva, mifupa mitupu ya watu imepanga foleni tangu karne iliyopita, kila mmoja na namba yake mkononi. Nilikuwa nikijiuliza kwa nini haya yananivuta kuliko joka. Labda ni kwa sababu joka sijawahi kuliona, ila foleni ile nimeshaipanga na mama. Unacheka, unasahau kuogopa, kumbe umeshafika ndani kabisa.

Shida ilikuwa watu. Rafiki yake mmoja tuliyecheza naye alifariki, wawili wakahamia kusini kuikimbia theluji, nikabaki mimi. Maktaba ikampa mpaka mwisho wa Februari: asipopata wachezaji watatu, chumba wanapewa washona mablanketi.

Zikiwa zimebaki Jumamosi mbili, nikawaleta Annika na kaka yake Bryce, wa shuleni kwetu. Bwana Verlyn alivaa shati la kanisani.

"Mko ukumbi wa chini ya kanisa," akaanza. "Mizuka ya akina mama imeandaa meza. Mlango utafunguka sahani zote zikiwa tupu."

Tukala vyote, kwa maneno tu. Kikabaki kipande kimoja cha keki.

"Chukua, Bryce," nikasema.

"Mimi? Nimeshiba. Mpe Annika."

"We mlafi tangu utoto, leo ndio umeshiba?" Annika akamcheka. "Haya, nakata nusu."

Kwetu kipande cha mwisho hakimalizwi, ni kukosa adabu. Nikakata nusu ya ile nusu. Bryce akakata tena.

"Jamani, keki yenyewe haipo!" Bwana Verlyn akalia kwa kicheko. "Nani atawaona?"

"Hiyo mizuka!" Annika akajibu. "Itamwambia mama."

Maktaba ikafungwa tukiwa tunakata chembe. Vyumba tisa vilivyofuata, alivyovichora mwenyewe, hatukuona hata kimoja. Mlangoni tuliagana nusu saa nzima, makoti yamefungwa.

"Ilikuwa tofauti," Bryce akasema. "Tutaona, Bwana Verlyn."

Mzee alifurahi. Mimi sikufurahi, maana hapa "tutaona" ni hapana iliyovaa glavu.

Jumamosi ya mwisho hawakuja. Tuliwangoja saa nzima, kisha msimamizi akaingia, akaomba radhi mara tatu, akabandua tangazo letu mlangoni.

"Si mbaya sana," Bwana Verlyn akasema, akiokota dadu moja moja.

"Nyuma ya ule mlango kulikuwa na nini?"

"Jikoni. Kuna mama anaosha vyombo. Naye mzuka, ila hapigani na mtu. Anakupa kitambaa umkaushie sahani, anakuuliza siku yako imekuwaje."

"Dadu inaamua nini hapo?"

"Hakuna dadu. Unakaa tu."

Mkewe alifariki mwaka juzi. Nikamwambia nina nafasi mpaka jioni, tungeweza kuingia humo jikoni wawili.

"Aa, barabara zitaganda," akasema. "Wahi nyumbani."

Kwetu mtu hukubali akiombwa mara ya tatu. Nilijua hivyo, na nilimwomba mara moja tu.