Mama Mkwe wa Kisiwa cha Kilwa

Kwa miaka mingi niliandikia televisheni kule Lubumbashi. Niliandika kila kitu walichotaka: vichekesho vya Jumamosi, michezo ya watoto, matangazo ya sabuni, mafundisho ya kunawa mikono, hata maombi ya mchungaji mmoja aliyeogopa kamera. Nilipokimbilia Zambia sikubeba karatasi hata moja. Baadaye mwenzangu wa zamani alinipigia simu akaniambia kanda zetu zote zimefutwa. Wamerekodi mpira juu yake.

Sasa ninalima mihogo karibu na Kafutuma. Watoto wangu wanaongea Kibemba. Nikiwasimulia kazi yangu, wananisikiliza kwa adabu tu, kama wanavyomsikiliza mgonjwa.

Mwaka jana mama mmoja anayeuza samaki Nchelenge aliniambia kwamba kisiwani Kilwa, hii ya ziwani huku Zambia na si ile ya pwani, yuko mwanamke anayejisifu kuwa zamani alionekana kwenye televisheni. Alivyomweleza nikamtambua: ndiye aliyecheza mama mkwe katika mchezo wangu uliodumu kuliko yote. Nilinunua daftari, nikapanda boti asubuhi. Nilitaka tukumbushane, niokoe hata vipande vichache.

Nilimkuta anageuza samaki juani. Alikuwa amekonda sana.

“Papa, minakukumbuka,” akasema. “Wewe njo ulikuwa unatuletea makaratasi.”

“Ndiyo, mama. Njo miye.”

Nilipomweleza nilichofuata, alifuta mikono, akasimama, akaanza. Alicheza siku ile mama mkwe anapokataa chakula cha mke wa mwanawe. Sauti ilikuwa ileile. Majirani waliacha kazi zao, wakacheka mpaka wakaketi chini. Mimi niliandika mbiombio, machozi yakinitoka.

Alipomaliza nikamwambia, “Ile maneno ya mwisho, mama, ilinikamata wiki muzima kuiandika.”

Akashangaa. “Maneno gani? Papa, makaratasi yako tulikuwa tunayaacha pa mulango. Ulikuwa unatuambia mutu anaingia, mutu anatoka. Ile maneno ni ya mama yangu mukubwa. Alikuwa anasema vile kila siku.”

Hakusema kwa ubaya. Nilisoma daftari toka juu, nikitafuta sentensi moja ambayo ningeapa ni yangu. Sikuiona. Nilijaribu kukumbuka nyingine, za michezo ya watoto, za vichekesho. Zote zilinijia kwa sauti za waigizaji, na sikuweza kujua nani alizitoa kwanza.

Alinifungia samaki wa kupeleka nyumbani.

Mke wangu aliniuliza, “Umemupata?”

“Nimemupata.”

“Na kazi yako?”

Nilimkabidhi wale samaki.

Tangu hapo, watu wakiniuliza nilifanya nini kwetu, nasema nilikuwa mtu wa ofisi.