Siku Mama Alipopiga Deki Sinema

Wacha niseme mwenyewe, maana watu wa kanisa wameshaitia habari hii chumvi ya kutosha: ni kweli mama yangu mzazi alipiga deki sinema ya watu hapa Stafford, kando ya Houston, na ni kweli pia kwamba aibu kubwa ya siku hiyo haikuwa yake.

Nilikuwa mwanafunzi, na kibarua changu kilikuwa kumsaidia mzee mmoja Mrusi, Arkadi, kazi ya kupaka rangi. Kwao Moscow alikuwa mbunifu wa mandhari za sinema, yaani yule anayeamua nyumba ya kwenye filamu iwe na ufa wapi na kikombe kikae wapi, na alikuwa amejenga majumba ya wafalme kwa mbao na plasta hadi nchi yao ikasambaratika, akajikuta Houston akichora meno yanayocheka kwenye kuta za madaktari wa meno. Hatimaye akapata filamu, ya mizimu, ya bei rahisi, na dairekta akamwambia hii ikienda vizuri atamchukua kwa ile kubwa ya Dallas. Basi tukajenga ndani ya ghala nyumba ya ajuza aliyekufa akasahaulika, na wiki nzima tukaichafua: vumbi, utando wa buibui, chai ya rangi tukiipuliza ukutani ipate madoa ya uzee. Nusu ya tukio ilipigwa picha Ijumaa, nusu ingepigwa Jumamosi, ndani ya uchafu ule ule.

Sasa mama alikuwa amekuja kunitembelea kutoka Nakuru, na mimi (mdomo huu!) nilikuwa nimemwambia kwamba mkubwa wa kujenga nyumba za sinema ni mimi. Akasema anataka kuiona. Jumamosi asubuhi nikampeleka, nikafungua, nikamwambia, "Mum, jisikie nyumbani, wacha niwachukulie crew donati," nikaenda.

Ninyi mnawajua mama zetu wakija huku. Hawajalala usiku mmoja wameshapanga makabati yako upya, na sufuria inasuguliwa mpaka unaogopa kuipikia. Huyu wangu alikuwa ameona nyumba ya mwanawe imejaa buibui na wageni wako njiani.

Niliporudi nilipokewa na harufu ya sabuni. Mapazia yameanikwa juu ya taa za kupigia picha, mama amefunga leso kiunoni, anamalizia sakafu kwa shati langu la kazi.

"Kamau, hata kama uko busy, buibui mpaka kwa kitanda? Wazungu wakija watauliza ulilelewa na nani."

Kabla sijajibu akaingia Arkadi, na dairekta nyuma yake. Mzee akautazama ukuta wake uliokuwa unameta, akakaa juu ya ndoo. Dairekta akauliza huyu mama ni nani. Na mimi, mtu mzima na ndevu zangu, nikajibu kwa Kiingereza cha haraka haraka (kana kwamba mama hakukifundisha shuleni maisha yake yote), "Ni mtu wa usafi tu. Sijui ameingiaje."

Mama akainuka polepole, akakamua shati, akasema kwa Kiingereza cha ubaoni, kila neno limepigwa pasi, "Ni kweli, mimi ni wa usafi. Huyu nimemsafisha tangu azaliwe, na kama mnavyoona, bado hajatakata."

Nilitamani ardhi ipasuke. Arkadi ndiye aliyeanza kucheka, akacheka mpaka akatoa machozi, kisha kicheko kikaisha na machozi yakaendelea, na hapo ndipo nilipoelewa nimemfanyia nini yule mzee. Mama naye aliona. Akamuuliza anataka uchafu wa namna gani, akakunja mikono ya blauzi, na kutwa nzima tukachafua upya, mama akipuliza chai ukutani huku akinung'unika kwamba chai inamwagwa, tena haina hata maziwa, na dairekta amenuna pembeni na donati zangu.

Filamu ilitoka kwa kaseti za video tu, haikufika kwenye majumba ya sinema, lakini Arkadi alienda Dallas. Ukitazama vizuri utaona dirisha moja linang'aa katikati ya uchafu wote, kwa sababu hilo mama alikataa katakata kulichafua. Kaseti anayo Nakuru, na wageni wakija huisimamisha hapo hapo.

Mimi nilikoma. Nikiwa na mama popote, hata kwenye foleni ya kulipia mboga, sisubiri kuulizwa, nasema huyu ni mama yangu. Naye, bila hata kugeuka, huongeza, "Wa usafi."