Maombi ya Bubu wa Sinema

Jumamosi nilikuwa Kitale, kwenye duka jipya la viatu. Mwenye duka alikuwa amemkodi kijana avutie wateja kwa kumwiga yule mchekeshaji wa sinema za kale zisizo na sauti: kofia ya duara, kisharubu cha upana wa kidole, bakora na mwendo wa bata. Sharti lilikuwa moja tu. Akitoa neno, kazi imeisha.

Akaingia nyanya mmoja kutoka Kabuchai na kikapu cha viazi vitamu. Alipomwona kijana, aliganda. Akamsogelea, na ili apate kumshika mashavu kwa mikono miwili, akatua kikapu. Kikatua juu ya vidole vya kijana.

"Uwi! Mama, mguu yangu!"

Mwenye duka akanyoosha kidole kumwonyesha mlango. Lakini nyanya aliinua mikono juu.

"Bwana asifiwe! Ameongea!" Akatugeukia sisi wateja. "Huyu tulionyeshwa kwa sinema huko misheni nikiwa msichana. Anapigwa, anaanguka, na hawezi kusema kitu! Si tulimuombea na machozi!"

Duka zima likajibu, "Amina!" Mwenye duka, kidole kikiwa bado hewani, akaona heri akielekeze mbinguni. Nani atamfukuza kazi mtu aliyeponywa?

Kijana akainua kofia kushukuru, akarudi kazini kwa mwendo wa bata. Nyanya akamtazama miguu, akatikisa kichwa.

"Sasa imebaki kutembea," akasema. "Hiyo tutaombea kesho."