Gemu Iliyomgomea Injinia Sampa

Bornface Sampa hakuwahi kuwa injinia. Kule mgodini alikopunguzwa kazi alikuwa anabeba nyaya, anabadilisha wino wa mashine za kuchapa, na kuwawashia wakubwa kompyuta ambazo walikuwa wamesahau kuzichomeka kwenye umeme. Lakini mtaa mzima wa Chimwemwe, mjini Kitwe, kuanzia kwa wauza makaa hadi kanisani, ulimwita Injinia, kwa sababu yeye mwenyewe ndiye aliyeanza kujiita hivyo, na ukimwita vingine haitiki.

Mgodi ulipomtoa, alitoka na kompyuta tano zilizokwisha kutumika, akazipanga katika chumba cha mbele cha nyumba aliyoachiwa na babake, na ukutani akaandika GEMU kwa rangi iliyobaki ya geti. Watu wakaingia, wakatoa kwacha zao, wakacheza mpira na mbio za magari. Gemu ikigoma kufunguka, iwe kwake au kwenye kompyuta ya mtu yeyote pale Kitwe, aliyeitwa ni yeye. Na tusimnyime haki yake, kazi alikuwa anaijua. Shida ni kwamba alijua kuwa anajua, na kila aliyekaa naye alichoka kukumbushwa.

Dharau yake kubwa ilikuwa kwa watu wasiosoma. Kompyuta, alikuwa akisema, ndicho kitu pekee Kitwe kisichosema uongo. Ikishindwa kufungua gemu, inakuandikia sababu palepale kwenye kioo. Na binadamu anafanya nini? Anayafunga maandishi mbiombio kama mtu aliyefungua mlango wa choo akakuta kuna mtu ndani.

Siku moja Nkandu, dereva wa teksi, mtu mpole asiye na ugomvi na yeyote, alikuja na kompyuta yake kwapani.

"Injinia, gemu haifunguki."

"Imeandika nini?"

"Imeandika… kitu fulani hivi."

"Kitu fulani hivi. Kwa Kiingereza au kwa Kibemba?"

"Nilifunga, mkuu."

"Ukafunga. Daktari akikuandikia dawa, na ile karatasi unaitafuna?"

Akaifungua kompyuta, akatazama, akaguna. Nkandu alikuwa amesafiri hadi Ndola kwa binamu yake kuichukua gemu ile kwa flashi, na alichochukua ni kile kipicha kidogo cha kubofya tu. Gemu yenyewe ilibaki Ndola.

"Njooni mwone," Sampa akawaita waliokuwa wanacheza. "Huyu amekwenda mpaka Ndola, akapiga picha mlango wa nyumba ya watu, amerudi na picha, sasa anataka tumsaidie kuingia alale."

Wakacheka. Nkandu alicheka pamoja nao, akachukua kompyuta yake, na kwa muda mrefu teksi yake haikupita mtaa ule.

Mtu mmoja tu ndiye aliyekuwa anamjibu Sampa, naye ni Jere, mwenye bucha ya pembeni. Jere alikuwa Mngoni na Sampa Mbemba, kwa hiyo walikuwa watani tangu kwa mababu, na Jere alikuwa na ruhusa ya kumwambia lolote, ruhusa ambayo hakuiacha ikae bure. Siku ya kumzika baba yake Sampa, Jere alishuka kaburini akajilaza, akakataa kutoka mpaka apewe jogoo, na akawatangazia waombolezaji kuwa marehemu amekufa makusudi ili akwepe zamu yake ya kununua pombe. Sampa alicheka siku ile huku machozi yakimtoka.

"Mla nyani," Jere alikuwa akisema kila akiingia, "leo umemtukana mtoto wa nani?"

"Mla panya, kaa mbali na nyaya zangu. Usije ukadhani ni mikia."

Sasa, Sampa alikuwa na siri. Gemu ya mpira iliyokuwa kwenye zile kompyuta tano ilikuwa ya kujaribu tu. Aliiweka mwezi wa Juni mwaka 2011, na ilitakiwa ijifunge mwezi ukiisha, mpaka mtu ainunue. Sampa hakuinunua. Badala yake, kila asubuhi, na kila umeme uliporudi baada ya mgao, kwa kuwa mashine zile kuukuu zikizimika zinasahau tarehe, alipita mashine moja baada ya nyingine akirudisha tarehe nyuma hadi Juni ile ile, na gemu, ikiona mwezi haujaisha, inafunguka. Alifanya hivyo miaka yote. Katika chumba kile Zambia ilikuwa bado haijachukua Kombe la Afrika, watu waliokwisha kuzikwa walikuwa wazima, na Sampa mwenyewe alikuwa kapera.

Siri hiyo aliipenda kupita kiasi. Aliamini kabisa kwamba wenye vibanda vingine vya gemu hawapati usingizi wakijiuliza Sampa anatumia dawa gani. Alimwambia mtu mmoja tu, mkewe Chilufya, wiki ya arusi yao, kwa sauti ya chini, kama wanaume wengine wanavyowaambia wake zao mahali walipoficha hati ya kiwanja. Chilufya alingoja aendelee. Alidhani huo ni utangulizi.

Chilufya alikuwa anauza mitumba soko la Chisokone, na ndiye aliyekuwa anailisha nyumba, ingawa hilo halikuandikwa ukutani. Alipoona wateja wa mumewe wanahamia mtaa wa Mindolo, ambako kulikuwa na gemu mpya, aliuza marobota yake, akanunua kompyuta ya sita, mpya, yenye nguvu, na gemu mpya ya mpira, halali kabisa. Jumamosi watu wa Mindolo wangekuja kushindana na watu wa Chimwemwe kwenye mashine hiyo.

"Baba Kasonde," alimwambia mumewe, "nakwambia mara moja. Jumamosi gemu hii ifunguke. Isipofunguka, mashine inarudi kwa aliyeniuzia, na chumba hiki nakitia viti vya kusukia nywele. Fundi seremala nimeshaongea naye."

"Mama Kasonde, unaongea na nani? Gemu gani ilishawahi kunishinda mimi?"

Na jambo la kwanza alilolifanya kwenye mashine mpya lilikuwa kuipeleka Juni 2011. Alikuwa na sababu zake: mashine tano zikisema Juni ya zamani na moja ikisema leo, hata mlevi angeuliza kulikoni, na siri ingekuwa imekwisha. Kompyuta ilijaribu kujirekebisha yenyewe. Akaizima tabia hiyo.

Gemu haikufunguka.

Wiki ile ilikuwa ya vituko. Sampa alifungua mashine mpya kwa bisibisi, akachomoa kadi ya kumbukumbu, akaisugua kwa ufutio wa shule, akaipuliza, akairudisha. Alifuta gemu akaiweka upya, akaifuta tena. Alizima kinga ya virusi. Alinunua bando la kampuni hii, halafu la kampuni ile, kisha akapanda juu ya bati na simu mkononi kuutafuta mtandao kama mtu anayetafuta njiwa wake. Alilaumu joto, akalaumu umeme, akamlaumu jirani anayechomelea mageti. Fundi asiyeona aibu kuwafokea wateja alikuwa sasa amekaa juu ya bati anaifokea hewa.

Jere alisimama chini akamtazama.

"Mla nyani, umerudi juu ya miti?"

"Nenda kakate nyama yako."

"Mganga hajigangi. Imeandika nini, Injinia?"

"Imeandika mtandao."

"Ndiyo yote?"

"Nimesoma, Jere. Mimi husoma."

Alikuwa amesoma, ndiyo. Maandishi yalikuwa na mistari miwili. Wa kwanza ulisema gemu imeshindwa kuwasiliana na watengenezaji wake, aangalie mtandao. Wa pili uliendelea kidogo, na Sampa aliuona kila mara, kwa macho yake mawili, akajiambia kuwa hayo ni maneno yanayoandikiwa kila mtu, kama vile chupa ya dawa inavyosema tikisa kabla ya kunywa. Huyo ndiye aliyemcheka Nkandu.

Jumamosi ikafika. Watu wa Mindolo walikuja wamejaa, na wa Chimwemwe wakajaa zaidi, wengine wamekaa dirishani, chupa za kinywaji cha munkoyo na vipande vya kitafunwa cha chikanda vikipita mkono kwa mkono. Nkandu naye alikuwapo, amesimama nyuma karibu na mlango. Chilufya alikuja moja kwa moja kutoka sokoni, aproni bado kiunoni, akasimama nyuma ya kiti cha mumewe.

Sampa akabofya. Kioo kikafikiri, kikaleta maandishi yale yale.

"Mtandao," alisema, na mkono wake ukaenda kuyafunga.

Chilufya akaushika ule mkono. Akainama, akaweka kidole kwenye kioo, akasoma kwa sauti anayouzia nguo, ile inayofika mwisho wa soko: "Hakikisha mtandao unafanya kazi, na kwamba tarehe na saa ya kompyuta hii ni sahihi." Akainuka. "Umeacha nusu, Baba Kasonde."

"Hiyo huandikwa kila mahali."

"Leo ni lini?"

Sampa akajifanya anakaza waya wa kipanya.

"Si nakuuliza? Leo ni lini? Maana mashine hii inasema ni Juni ya mwaka ule, na mimi Juni hiyo nilikuwa Kasama kwa shangazi yangu. Sikujui wala sikutaki."

Watu wa Mindolo waliangua kicheko. Watu wa Chimwemwe hawakucheka. Walitazama chupa zao.

"Mama Kasonde, tutoke nje tuongee," alinong'ona.

"Nje kuna seremala. Nimwite?"

Sampa alikaa akikitazama kioo. Kitu kilichokuwa kinamuuma hakikuwa gemu. Angeweka tarehe ya leo mbele ya macho haya yote, na wote wangeelewa mara moja: kumbe ndivyo alivyokuwa akiiweka hai gemu ya zamani, kumbe ndiyo dawa yake. Kesho kila kibanda cha Kitwe kingekuwa na Juni yake, na yeye angebaki na nini? Lakini viti vya kusukia nywele aliviona pia, na wanawake wamekaa chumbani mwa baba yake wakimsengenya. Akafungua sehemu ya saa. Akaweka mwezi. Akaweka mwaka, polepole, kama mtu anayevua nguo kwa daktari.

Akabofya. Gemu ikafunguka, uwanja ukajaa kioo kizima, majani ya kijani mpaka yanatia kiu, na chumba kikalipuka kwa shangwe.

Sampa alisimama, akawageukia, akashika kiuno.

"Haya," alisema. "Sasa mmeiona siri yangu. Nendeni mkawatangazie wote."

"Sogea kidogo, mzee," alisema mtu wa Mindolo. "Unatuziba."

Akasogea. Akatoka nje. Akakaa juu ya tofali, na baada ya muda Jere akamfuata na kikombe cha munkoyo, akampa kwa mikono miwili.

"Hongera, kaka," alisema Jere.

Sampa akamtazama vizuri. Jere hakuwahi kumwita kaka.

"Hongera ya nini?"

"Ya saa. Leo umepatia."

"Nimepatia nini?"

"Si tunakuonaga? Kila asubuhi unazunguka mashine moja moja, unahangaika kuweka saa, na kila asubuhi unaikosea. Tena unakosea palepale. Nkandu alitaka akufundishe, siku ile ile ya mambo yake ya Ndola. Nikamwambia mwache, ataumia."

Sampa alifungua mdomo akamweleza yote: gemu ya kujaribu, ule mwezi mmoja, Juni, jinsi alivyoikatalia kufa miaka yote hiyo kwa akili yake mwenyewe. Alieleza kwa kirefu, akarudia, akachora kwa kidole mavumbini. Jere aliitikia kwa kichwa hadi mwisho, kwa upole, kama watu wanavyoitikia wagonjwa.

"Sawa, kaka," alisema. "Hata ningekuwa mimi ningesema hivyo."

"Huniamini."

"Nakuamini."

"Jere, wewe ni mtani wangu. Ulilala kaburini mwa baba yangu. Ulijua hivyo miaka yote, mbona hukunitania?"

Jere alitazama kando.

"Baba yako alikuwa amekufa tu," alisema. "Lakini mtu mzima, anaitwa Injinia, na saa hajui kuweka? Hilo hata mtani haligusi."

Ndani walikuwa wamefunga bao, wakapiga kelele. Jere akampigapiga begani, akarudi kutazama.

Jumatatu umeme ulikatika alfajiri ukarudi watu wakiwa wameshaanza kuingia. Mashine ya sita, ambayo sasa alikuwa ameirudishia tabia yake ya kujirekebisha, ilijiwekea tarehe yake yenyewe, sahihi. Zilibaki tano za zamani, na gemu ya zamani ilikuwa bado inahitaji Juni yake, kwa kuwa bado kulikuwa na watu waliokuja kwa ajili yake, wasioweza bei ya mashine mpya. Sampa aliketi mbele ya ile ya kwanza. Nkandu alikuwapo, na Jere, na wengine wawili watatu, wanaongea na kucheka. Alipopeleka mkono kwenye saa, maongezi yalikatika. Nkandu akatoa simu yake akaitazama, mwenzake akaanza kufunga kamba za viatu, na Jere akawaeleza, kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, habari za bei ya ng'ombe.