Koti la Baba na Mgeni wa Kijapani

Mkitaka kucheka chekeni, lakini haya yalinipata mimi, hapa hapa Mnyuzi, mchana kweupe, na mama yangu ni shahidi.

Baba alikuwa na mgeni Mjapani, mwigizaji wa filamu. Kwao anasifika kwa kuigiza watu walioishi kweli. Alikuja kuulizia habari za fundi mmoja wa kwao aliyefanya kazi na baba zamani. Miezi miwili walishinda pamoja barazani, yeye akimtazama baba zaidi kuliko alivyomsikiliza.

Kisha baba akafariki. Niliwaambia watu nilikuwa kando yake. Uongo! Aliniita nikiwa uani na simu yangu, nikamsikia, nikajisemea ngoja kidogo. Nilipoingia alishakata roho.

Sasa sisi Wazigua, msiba bila mtani haujakamilika. Mtani huvaa nguo za marehemu, akaigiza alivyotembea na alivyofoka, wafiwa wakapata kucheka kidogo. Wetu alikwama Handeni. Mimi na kiherehere changu nikamwambia Mjapani, "Si ndiyo kazi yako? Vaa." Nikamvisha koti la baba kwa mikono yangu.

Akachechemea kama baba, watu wakaangua kicheko. Akakohoa kikohozi cha baba chenyewe, kicheko kikakatika. Kikohozi kile alifundishwa na nani? Halafu akanigeukia, yeye ambaye hata Kiswahili alikuwa anababaisha, akasema kwa Kizigua safi kwamba aliniita mara tatu na nilimsikia.

Niaminini! Nikamsihi avue. Hakuvua. Mama akamsogezea kigoda: "Kaa, baba watoto, umechoka." Mtani alipofika alimtazama tu, akarudi nyuma. "Huyu haigizi," akasema.

Siku ya tatu wenzake wa filamu walikuja na gari kutoka Korogwe, wakampakia na koti la baba mwilini. Akaniita dirishani kwa jina langu la utotoni. Sikuitika. Gari likaondoka.

Simu zao hazipatikani. Sina la kufanya. Wewe, mtani wako akichelewa, mngoje, hata kama ni mpaka kesho. Usimvishe mgeni nguo za marehemu wako.

Mama amekataa kukaa eda, anasema hajafiwa. Kila nikimwekea chakula ananiuliza, "Baba yako alikuita pale garini. Mbona hukuitika?"