Alikimbia Kumfuata Mwenzake

Kosa langu la mwanzo lilikuwa kumsahihisha bibi wa rafiki yangu sebuleni kwake. Nilikuwa na miaka kumi na mbili. Wiki iliyopita nilishuka kituo cha treni cha Rayners Lane, London, nikapita chini ya dirisha lao la zamani. Lina mapazia ya watu wengine.

Sisi tulitoka Pemba, wao Korea. Kila Jumamosi mchana bibi yangu alipeleka maandazi ya moto, bibi wa rafiki yangu akatoa kabichi iliyochachuka kwa pilipili, wakakaa kochi moja bila kuelewana neno. Baba wa yule bibi wa Kikorea alikuwa msimulizi wa filamu bubu. Alisimama kando ya pazia la sinema akiwasemea waigizaji wote, mpaka watu wakalia. Bibi huyo, binti yake, alitusimulia filamu moja kama alivyomsikia. Rafiki yangu akatafsiri kwa Kiingereza, mimi nikampa bibi yangu kwa Kiswahili.

"Enhe, kisha?" bibi akinihimiza. "Kamwacha mwenziwe?"

Filamu ilihusu marafiki wawili. Mmoja alikamatwa na askari wa wakoloni. Mwenzake akarudi mbio ili wakamatwe pamoja. Nami nilikuwa nimeazima maktaba kitabu kuhusu filamu hiyo, nikakisoma mara tatu nisije nikakosea. Kilisema hakurudi.

"Sivyo," nikasema kwa Kiingereza. "Alikimbia. Bibi yako amekosea."

Nakiri, nilifurahi. Rafiki yangu hakutafsiri, lakini bibi yake alinitazama usoni, akaanza kukusanya vikombe.

"Umesema nini wewe?" Bibi yangu alinivuta shati. "Mbona mwenzangu anaondoa vikombe?"

Mlangoni rafiki yangu aliniuliza, "Ungenyamaza ungekufa?" Jumatatu kwenye basi la shule alikaa kiti cha mbali. Hakurudi kukaa nami tena.

Baadaye, kwa kujisomea, nilijua kwamba filamu ile ilipotea zamani. Hata mwandishi wa kitabu hakuiona. Na msimulizi alikuwa huru kuongeza maneno yake. Pengine pichani mtu alikuwa anakimbia tu, na yule baba akawaambia watu kwamba anamfuata mwenzake. Nani angembishia?

Bibi wote wawili wamefariki, na Jumamosi hazina tena harufu ya iliki na pilipili ngazini. Nimemwandikia rafiki yangu haya mara nne, nikifuta kila mara kwa sababu ya neno moja nililoona si sahihi. Barua ya tano niliituma jana bila kuisoma tena.